Miaka 50 na Deni Moja

Mwezi ujao, inshaallah, wazazi wetu watatimiza miaka 50 ya ndoa. Sisi watoto, tunaoishi Mombasa, tulikwisha kupanga ukumbi, keki na mpiga picha. Baba alisikiliza yote, kisha akasema, “Kwanza twendeni Amu.”

Tukasafiri sote. Basi lilipita Malindi, likavuka Mto Tana karibu na Garsen, likapita Witu hadi Mokowe. Hapo gari hukoma, na safari humalizikia mashuani. Mji mkongwe wa Lamu uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2001. Kwetu sisi ni mji wa ukoo, wenye vichochoro vya kupishana na punda, madaka yenye baraza za mawe na dari za boriti za mikoko.

Nyumba ya bibi ina ghorofa aliyojengewa Mama alipoposwa. Ndiyo iliyokuwa desturi ya wenye uwezo: binti huongezewa ghorofa, au hujengewa ng’ambo ya kichochoro na nyumba mbili zikaunganishwa kwa wikio, apate kuolewa bila kuondoka kwao. Mume ndiye ajaye.

Baba alikuja akiwa baharia kijana. Katika mahari, bangili mbili za dhahabu zilibaki kuwa ahadi. Wakaja watoto, karo na maradhi. Mama hakuzidai kamwe. Lakini kunyamaza si kusamehe. Baba alitukumbusha Suratun-Nisaa, aya ya 4: mahari ni haki ya mke, na mume hali chochote humo ila kwa ridhaa ya nafsi yake. “Nami sikupata kumuuliza,” alisema.

Alizitoa bangili palepale ghorofani, mbele ya wajomba wetu wawili. Mama alizivaa polepole, akaupindua mkono kuzitazama.

“Zimechelewa,” alisema, “lakini zanienea.”

Ukumbi tumeuacha. Siku hiyo kutasomwa dua katika nyumba hii, na wali utapikwa kwa majirani, wakiwamo akina mama wachache waliosalia katika wale waliompamba Mama harusini.

Enyi wazazi na ndugu zetu, kabla ya kuagiza keki, ulizaneni nyumbani: je, mahari ilikwisha? Mwenyezi Mungu atujaalie kutimiziana haki tungali hai. Amin.