Dhahabu Iliyomo Ndani ya Kompyuta Kuukuu za Ushetu

Ukitoka Kahama mjini kwenda Nyamilangano, makao makuu ya Halmashauri ya Ushetu, utakachokiona ni mashamba ya tumbaku, mahindi na mpunga. Dhahabu haionekani barabarani. Inasikika kwenye mazungumzo, mara tu baada ya "mwangaluka" za asubuhi: duara la nani limetoa, karasha la nani limekufa, marudio ya nani yanakwenda kuchenjuliwa.

Katika ukanda huu wa Shinyanga na Geita, kompyuta mbovu iliyolala stoo ya shule au kwenye banda la fundi redio haitazamwi kama taka tu. Wapo waliosikia kwamba ndani yake mna dhahabu. Ni kweli, imo.

Imefikaje huku? Kompyuta ya kwanza ya serikali ilifungwa Wizara ya Fedha mwaka 1965. Mradi wa kuendesha hesabu za serikali kwa mashine ulipokwenda kombo, mwaka 1974 uingizaji wa kompyuta ukapigwa marufuku. Ukaribu wa tarehe unashangaza: Januari 1975 jarida moja la Marekani likatangaza Altair 8800, boksi la swichi na taa ambalo mnunuzi aliliunganisha mwenyewe, halina kioo wala kibodi. Mwaka 1977 zikaja Apple II, Commodore PET na TRS-80. Agosti 1981 ikaja IBM PC, ambayo ya bei ya chini ilikuwa na kumbukumbu ya kilobaiti 16. Picha moja uliyotumiwa WhatsApp asubuhi hii isingeenea humo.

Yote hayo yalitokea mlango wa Tanzania Bara ukiwa umebanwa. Ulipolegezwa taratibu, kuelekea miaka ya 1990, mashine nyingi zilizofika mbali na miji zilikuwa za mitumba au za msaada, zimeshatumika kwingine hadi zikachoka. Kwa hiyo kompyuta nyingi zilianza maisha yake ya kijijini zikiwa tayari ni wazee.

Na wazee hao ndio wenye dhahabu. Dhahabu haishiki kutu na inapitisha umeme vizuri, basi watengenezaji wa zamani waliipaka kwenye miguu ya prosesa na kwenye meno ya kadi. Prosesa ya Intel 486, iliyotoka mwaka 1989, ilikuwa na miguu 168 iliyopakwa dhahabu. Tani moja ya bodi za kompyuta huwa na dhahabu kuliko tani moja ya mawe ya migodi mingi. Lakini nani Ushetu ana tani moja ya bodi? Dhahabu ya kompyuta moja kwa kawaida haifiki hata gramu moja, na kuitoa kunahitaji tindikali kali.

Kilichojaa humo ni kingine. Kioo cha zamani, kile chenye chogo, kinaweza kubeba kilo moja au zaidi ya madini ya risasi, yaliyochanganywa na kioo chenyewe ili kuzuia mionzi. Lehemu ya bodi za enzi hizo ni bati na risasi. Bodi nyingine zina betri ndogo yenye kadimiamu, ambayo huvuja ikizeeka. Kioo kikiwa kizima hakina shida. Shida huanza kinapopasuliwa kwa nyundo ili kutoa shaba ya nyuma, au nyaya zinapochomwa uani huku watoto wakichochea moto. Kazi hiyo mara nyingi huachiwa watoto, kwa sababu skrepa ni pesa ya maandazi.

Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango cha risasi kwenye damu ya mtoto kinachojulikana kuwa salama. Wachimbaji wa dhahabu wana mfano wao wenyewe: mwaka 2010, katika jimbo la Zamfara, Nigeria, familia zilisaga nyumbani mawe ya dhahabu yaliyokuwa na risasi, na watoto zaidi ya 400 wakafa. Vumbi lilikuwa kwenye nguo, sakafuni, kwenye vinu.

Kanuni za taka za umeme na elektroniki zipo nchini tangu mwaka 2021, ila kutoka kanuni hadi banda la fundi ni safari ndefu. Kwa sasa hatua ya karibu ni ya nyumbani: chogo kisipasuliwe, nyaya zisichomwe, na baba anayeshinda kwenye skrepa au mwaloni abadili nguo kabla ya kumbeba mtoto.

Risasi haina dalili yake ya pekee. Mtoto huumwa tumbo, hukosa choo, hupungukiwa damu, huchoka, husahau alichofundishwa jana. Mzazi anayempeleka zahanati mtoto wa namna hiyo amweleze mganga pia anachochezea uani.