Kilichopita Chini ya Mashua

Nahodha hakung'oa nanga mpaka alasiri. Mlango wa Mkanda, ule mkondo mwembamba wa mikoko kati ya kisiwa cha Manda na bara, wakati huo haukupitika kwa mashua yenye shehena ila maji yakiwa yamejaa, na siku za bamvua maji ya Lamu hujaa jua likishaanza kushuka. Kwa hiyo tulikaa gatini tukipangwa pamoja na mizigo: magunia ya unga, makreti ya soda, godoro la bibi harusi, na mbuzi aliyefungwa mlingotini akitukasirikia wote. Tulikuwa tunakwenda Kizingitini, kaskazini-mashariki ya kisiwa cha Pate.

Mkanda tuliupita kwa mashine. Jua lilipotua ikazimwa, maana dizeli si ya kuchezea, na tanga likapandishwa. Kusi ilikuwa nyuma yetu. Mwezi ulikuwa ndio kwanza umeandama na ulizama mapema, likabaki lile giza ambalo mtu wa mjini husahau kama bado lipo.

Hapo maji yakaanza kuwaka.

Kwanza usukani, ulioburura mkia wa buluu nyuma yetu. Kisha kijana aliyekuwa akifua ngama akamwaga maji ubavuni, bahari ikaruka cheche. Samaki wadogo waliotukimbia walichora mistari iliyofutika kabla jicho halijaifuata hadi mwisho. Wenyeji hawakujali. Aliyetoa simu apige picha ni mimi peke yangu, na picha ikatoka nyeusi tititi. Mama mmoja alimvuta mwanawe aliyetumbukiza mkono majini: "Toa mkono! Chunusi akuona."

Chunusi, kwa asiyekulia pwani, ndiye yule wa majini anayewavuta waogeleaji wasionekane tena. Umbo lake hutapata watu wawili wanaokubaliana juu yake.

Yule kijana wa ngama aliniuliza kama nami naogopa. Nikamweleza niliyoyasoma: kwamba ni vijidudu vya baharini, dinoflajelata, vingi havionekani kwa macho, kwamba ndani yake mna kemikali iitwayo lusiferini, na maji yakitikiswa kila kijidudu humetuka mara moja, kwa muda kama wa sehemu ya kumi ya sekunde. Ndiyo maana mwanga huonekana palipoguswa tu: kwenye usukani, kwenye pezi, kwenye mkono wa mtoto.

"Na huwaka kwa faida gani?" Nahodha aliuliza kutoka tezi. Nilidhani amelala.

Nikamjibu kuwa wataalamu wana dhana zao, na mojawapo ni kwamba kijidudu hupiga kamsa. Mdudu mdogo anayekuja kukila humulikwa, na samaki mkubwa aliye karibu humwona mdudu huyo akamla.

"Kwa hiyo mwanga huu unamwita mkubwa."

"Kwa dhana hiyo, ndiyo, Ami."

"Basi mama yule kakosa nini?"

Sikuwa na jibu, na nadhani hata leo sina la maana. Aliporidhika, akaanza kusimulia. Baba yake alikuwa baharia wa majahazi ya zamani, yale ya kwenda Mukalla kwa kusi na kurudi kwa kaskazi. Usiku mmoja, mbali huko pwani ya Somalia, bahari nzima iligeuka nyeupe. Haikumetuka wala haikuwa na cheche. Weupe ulitulia toka upeo hadi upeo, na mabaharia wakaonana nyuso kwa mwanga uliotoka chini. Walisoma walichojua mpaka alfajiri.

Ningeiweka hadithi hiyo pamoja na za chunusi kama nisingejua habari za Lima. Januari 25, 1995, meli hiyo ya Uingereza iliingia katika maji ya namna hiyohiyo, mashariki ya Somalia, ikachukua saa 6 kuyavuka, na nahodha wake akaandika alichokiona. Miaka 10 baadaye Steven Miller na wenzake walifukua picha za satelaiti za siku zile, wakaliona doa lenyewe likiwaka usiku 3 mfululizo. Lilikuwa na kilomita za mraba zipatazo 15,400, zaidi ya mara 9 ya Unguja. Walioliwasha doa hilo si dinoflajelata. Wanaoshukiwa ni bakteria, ambao huwaka bila kukoma wakishakuwa wengi vya kutosha. Mabaharia wa kizazi hadi kizazi walikuwa wakisema kweli, na walioandika vitabu wakitabasamu.

Jules Verne naye alijua bahari huwatisha watu kwa mwanga. Katika riwaya yake ya manowari Nautilus, ya mwaka 1870, meli nzima inamfukuza mnyama anayewaka chini ya maji, kumbe ni chombo cha chuma chenye taa ya umeme. Niliposoma hapo nilichukia. Nilitaka mnyama.

Karibu na Faza mbuzi alinyamaza. Kitu kilikuja kutoka tezi, chini kabisa ya mashua, kirefu kuliko mashua yenyewe, mwili mzima umezungukwa na mwanga. Kilikwenda mwendo wetu. Hakikupiga mkia wala hakikutoa kichwa. Nahodha alisema neno moja, "Kimya," na hata watoto wakatii. Kilipofika omo kilizama wima, mwanga ukapungua mpaka ukawa nukta, ukakatika.

Tulitia nanga Kizingitini kabla ya alfajiri. Nilimkuta Nahodha akibishana na mwenye barafu, maana alikuwa na oda ya kamba wa kusafirisha Lamu na barafu ya siku ile ilikuwa nusu maji. Nikamsubiri, kisha nikamwambia kile cha usiku kilikuwa papa, labda papa shilingi, ambaye huwa mkubwa kupita mashua na hana ubaya na mtu.

"Huenda," akasema. "Uliona mapezi?"

"La, Ami."

"Mimi pia," akasema, akamgeukia tena mwenye barafu.