NILIAMBIWA SAUTI YANGU IKO NGOME YA KIVULI, NIKANYAMAZA MWAKA MZIMA

Leo sina stori ya nani kaachana na nani. Leo naongea ya kwangu, na jina la mhusika silitaji, kwa hiyo msinisumbue inboksi.

Miaka 4 nyuma nilikuwa nautafuta muziki kwa udi na uvumba. Kuna jamaa mmoja hapa mjini, wengi mnamjua, kashapiga picha na mastaa wakubwa tu. Alikuwa na kitu anakiita Ramani ya Ngome Saba za Sauti. Kwamba sauti zote duniani zinaishi kwenye ngome 7, na kila mtu ana kituo chake kwa namba 3. Ya kwanza inatoka kwenye tarehe yako ya kuzaliwa, ya pili kwenye jina la mama yako, ya tatu anaipata mwenyewe akisikiliza sauti uliyomrekodia. Kujua kituo chako elfu 50. Kuhamishwa ngome laki 2 na nusu.

Hiyo elfu 50 nilimkopa mama, hela yake ya vikoba. Majibu yakaja: 4-2-7, Ngome ya Kivuli. Akaniambia sauti ya huko ikitoka bila kufunguliwa inamrudia mwenye jina. Yaani mama. Laki 2 na nusu sina.

Msinicheke. Mama ana presha, na wiki ileile ilimpanda. Mtu ukishaingiwa na hofu huulizi maswali. Nikaacha kwaya. Hata kufua nikawa nafua kimya. Siku moja mama akaniuliza, "Mwanangu, mbona nyumba imepoa hivi? Nimekukosea nini?" Nikamjibu koo linaniuma. Basi koo likauma mwaka mzima.

Sasa bwana, nikaenda Unguja kumsaidia baba mdogo kazi ya kupaka rangi. Jirani yake ni mzee mmoja anapiga udi, ile ala ya taarabu yenye tumbo kama nusu papai. Jioni moja nikamsimulia habari za ramani. Hakucheka. Akasema mambo hayo ni ya zamani sana.

Kumbe karne ya 10 huko Basra, Iraki, kulikuwa na watu wakijiita Ikhwan al-Safa. Waliandika risala 52 na majina yao wakayaficha. Ndiyo, jina hilohilo la Ikhwani Safaa, kundi la taarabu la Unguja lililoanza mwaka 1905. Hao wa Basra waliuona udi kama ramani ya dunia. Uzi mnene, bamm, ni ardhi. Mathlath ni maji. Mathna ni hewa. Zir, mwembamba kuliko wote, ni moto.

Nikamwambia, "Babu, sasa si yaleyale?"

"Hebu sikiza, mwanangu," akasema. Kila uzi waliusokota kwa nyuzinyuzi za hariri. Bamm 64, mathlath 48, mathna 36, zir 27. "Haya, piga hesabu."

Nikatoa simu. Robo tatu ya 64 ni 48. Robo tatu ya 48 ni 36. Robo tatu ya 36 ni 27. Nikabaki nimeduwaa. Mzee akabana uzi mmoja pale panapobaki robo tatu ya urefu wake, akaupiga, kisha akapiga wa pembeni yake ukiwa huru. Sauti ileile! Wenye gitaa jaribuni: bana uzi mnene kuliko wote kwenye chuma cha tano, linganisha na unaofuata.

Kama humo ndani kuna moto na maji kweli, hilo kila mtu na imani yake. Ila robo tatu hata mtoto anaipima. Mzee akaniuliza kitu kimoja tu: "Na hiyo ramani ya huyo mtu wako, nani mwengine anaweza kuisoma?"

Sikulala. Usiku uleule nikachukua simu ya binamu yangu, nikamtumia jamaa elfu 50 ya malipo ya rangi. Tarehe yangu ileile, jina la mama lilelile, sauti ileile niliyomtumia mwanzo. Nilichobadilisha ni jina langu tu. Asubuhi majibu: 2-6-1, Ngome ya Dhahabu, una nyota kali, tuma laki 2 na nusu tukufungue kabla mwezi haujaandama.

Nilitamani kumtukana. Badala yake nikampigia mama, nikamweleza yote, kuanzia elfu 50 yake mpaka koo la uongo. Akakaa kimya mpaka nikadhani simu imekata. Halafu akasema, "Elfu 50 yangu utanilipa. Haya, imba."

Nikaimba palepale kwenye ngazi, mafundi wenzangu wakinishangaa.

Sikuwa staa, wadau. Nimerudi kwaya, naimba sauti ya pili. Mama anameza dawa zake za presha, na nikifua ananisahihisha kutoka jikoni.

Na wewe kama umeshapewa namba zako, tuma tena kwa jina lingine. Kisha dondosha majibu hapo chini tuone.