Mji Wangu Ungezama

Nimekosa, na kosa lenyewe limo katika sura ya tano ya hadithi niliyowaandikia watoto. Hadithi inahusu Elelea, nchi ya kubuni ambako mto umekataa kurudi mahali pake, na watu wakaamua kujenga juu ya maji. Nisifiche: Elelea ni Nzoia yetu niliyoibadilisha jina. Mto huo unapita huku kwetu kaunti ya Kakamega, karibu na Mumias, kisha unateremka hadi Budalang'i, kaunti ya Busia, kabla ya kuingia Ziwa Viktoria. Mvua zikizidi, wa Budalang'i huhamia juu ya tuta na magodoro yao na mbuzi wao. Nilitaka kuwapa mji usiojua mafuriko.

Nikaujenga kwa matofali ya kuchoma, kama tujengavyo Kakamega, juu ya vitita vya mafunjo. Mhariri aliponiuliza mafunjo yanabebaje matofali, nilimjibu kwa kiburi: "Ndugu yangu, hii ni fantasia." Akanyamaza. Heri angenibishia.

Kisha nikaenda kuisoma sura hiyo katika shule moja ya msingi kule chini. Mna siku ya mafahali: ngoma za isukuti zinarindima, mafahali wawili wanapambana ukingoni mwa mji, na watu wote wanakimbilia upande ule kutazama, kama ilivyo Shinyalu huku kwetu Kakamega. Msichana wa gredi ya sita akanyoosha mkono.

"Mwalimu, wote wamekimbilia upande mmoja?"

"Ndiyo."

"Basi wamezama."

Wenzake hawakucheka. Wengi wao ni watoto wa wavuvi, na wamekaripiwa tangu wakiwa wadogo wasisimame ndani ya mtumbwi.

Niliporudi nyumbani nikashika kalamu. Tofali letu moja lina kilo tatu hivi. Chumba kimoja cha matofali 2,000 ni tani sita, bila paa, bila kitanda, bila mama mkwe. Kitu hakielei mpaka kisukume maji yenye uzito sawa na wake, kwa hiyo chumba hicho kinahitaji mapipa 30 ya lita 200 yaliyozibwa vizuri, na hapo yote yangekuwa yamezama hadi juu. Na hata ukiongeza mapipa, kuelea hakutoshi. Uzito ukikaa juu na kitako kikiwa chembamba, mji unapinduka. Manahodha wa majahazi wanalijua hilo, ndiyo maana huweka farumi, mzigo wa kukituliza chombo, chini kabisa.

Uchawi usingeniokoa. Katika sura ya tatu nilimzamisha mwizi wa ng'ombe kwa mzigo wa shaba aliojifunga kiunoni. Maji yaliyomzamisha mwizi hayawezi kusahau uzito sura mbili baadaye.

Na ni mambo niliyopaswa kuyajua. Tarehe 20 Septemba 2018, kivuko cha MV Nyerere kilipinduka karibu na gati la Ukara, katika Ziwa Viktoria hilihili, kikiwa na watu zaidi ya mara mbili ya uwezo wake. Waliokufa walipita 220. Kule Makoko, Lagos, msanifu Kunlé Adeyemi alijenga shule ya mbao juu ya mapipa ya plastiki, iliyokamilika 2013. Aliipa umbo la pembetatu, pana chini na nyembamba juu, ili uzito ubaki chini. Hata hivyo iliporomoka Juni 2016 kwa mvua kubwa. Yeye alikuwa amefikiria, na bado maji yakamshinda. Mimi sikufikiria kabisa, nikawapelekea hadithi hiyo watoto wanaoishi kando ya mto unaofurika. Hilo ndilo linaloniuma kuliko hesabu.

Nimeiandika upya. Nyumba sasa ni za mianzi na mabati mepesi, sakafu ni pana, mapipa yamefungwa pamoja, mawe yananing'inia chini. Mafahali wanapambana katikati ya mji, na watazamaji wanawazunguka pande zote. Binti yule nimemfanya fundi mkuu wa Elelea, kwa jina jingine.

Nakala za zamani bado zinazunguka Kakamega na Busia. Ukiwa nayo, tafadhali usimsomee mtoto sura ya tano. Irudishe nikupe mpya, bila malipo.