Hundi mbili za pikapu ya marehemu baba

Mwaka wa 2022, miezi michache baada ya kumzika baba, mama aliamua kuuza pikapu yake ili ndugu yetu mdogo apate karo ya chuo. Mnunuzi alikuwa jamaa tuliyesali naye kanisa moja. Alimwandikia mama hundi mbili siku hiyo hiyo: moja ya Sh120,000 yenye tarehe ya siku hiyo, na nyingine ya Sh80,000 yenye tarehe ya mwezi uliofuata.

"Mama, hii ya pili ngoja kidogo, mshahara uingie," alisema.

Zote mbili zilirudi. Akaunti haikuwa na pesa za kutosha. Jamaa akaacha kushika simu, na kanisani akahamia ibada ya alfajiri.

Tulipiga ripoti kwa polisi. Nilidhani kesi ya hundi hewa ni mteremko: unaonyesha hundi, mtu anafungwa. Nilikosea.

Mwendesha mashtaka alitueleza kuwa Kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu hakimwadhibu mtu kwa sababu tu hundi imerudi. Lazima ithibitishwe kwamba mshtakiwa ndiye aliyeitoa, na kwamba alipoitoa alijua akaunti haina pesa za kutosha, au imefungwa, au amekwisha kuiagiza benki isiilipe. Kisha akaongeza neno lililotukata maini: kosa la upungufu wa pesa haliihusu hundi ya tarehe ya mbele. Hata shtaka la kujipatia mali kwa udanganyifu linataka uongo kuhusu jambo lililopita au lililopo, si ahadi ya kesho.

Naona haya kusema, lakini nitasema. Usiku huo nilimwomba mama aiambie korti kuwa hundi ya pili alipewa mwezi uliofuata. Alinitazama kwa muda.

"Mwanangu, nishike Biblia kisha niseme uongo kwa ajili ya gari la baba yako?"

Akanionyesha daftari lake la duka. Alikuwa ameandika, chini ya tarehe: "Leo nimepokea cheki mbili. Ya leo na ya mwezi ujao."

Kesi iliposikizwa, afisa wa benki alileta taarifa ya akaunti. Salio halikuwa limefika hata Sh3,000, na wiki hiyo hundi nyingine mbili za jamaa zilikuwa zimerudi. Hilo ndilo lililoonyesha kwamba alijua. Yeye alidai hundi zetu zilikuwa dhamana tu, alizoziacha bila tarehe. Hapo daftari la mama likamwumbua.

Wakili wake akamgeukia mama. "Na hii ya pili, ulipewa lini?"

"Siku hiyo hiyo," mama akajibu bila kusita. Nilifumba macho.

Hakimu alimpata na hatia kwa hundi ya kwanza na kumwachilia kwa ya pili. Alisema alimwamini mama kwa kuwa hakuficha hata lile lililomwumiza. Jamaa akatozwa faini ya Sh30,000 au kifungo cha miezi sita. Alilipa papo hapo.

"Na pesa zangu?" mama akaniuliza nje ya korti.

Faini ni ya serikali. Ilitubidi kwenda Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiza madai yasiyozidi Sh1 milioni. Huko hundi ya tarehe ya mbele ni ushahidi wa deni kama deni jingine, na daftari lilituhudumia tena. Jamaa aliagizwa kulipa zote mbili, na alilipa kidogo kidogo. Ndugu yetu alikuwa amekosa muhula mmoja.

Ndugu msomaji, ukipokea hundi, itazame tarehe, andika siku uliyoipokea na uitunze ile halisi yenye muhuri wa benki. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mama hakuwahi kuingia darasa la sheria, lakini hilo alilijua kunishinda.