Kachumbari ya Choroko

Moto ni rafiki wa mpishi, lakini urafiki wake una gharama. Kakonko, katika nyanda za juu za Kigoma, gharama hiyo hulipwa kwa mgongo wa mwanamke. Mama yangu, aliyekwisha kupita miaka sabini, alikuwa akienda mbali kutafuta kuni za kupikia maharage, na maharage makavu hayaivi upesi. Kambi ya wakimbizi ya Mtendeli ilipofunguliwa mwaka 2016, wenyeji na wageni walitegemea misitu ile ile. Kambi ilifungwa mwaka 2021, lakini mti hauoti kwa siku moja.

Kwa hiyo nilipokwenda likizo nilichukua zawadi ya maarifa: chakula kisichotaka kuni. Nilikijua Mysore, India ya Kusini, nilipokaa huko kwa masomo, na wenyewe hukiita kosambari. Choroko hulowekwa usiku kucha, huchujwa, hufungwa katika kitambaa chenye unyevu, na kusuuzwa kwa maji safi asubuhi na jioni. Baada ya siku moja au mbili kila punje hutoa kijimkia cheupe. Hapo huchanganywa na tango lililokatwa vidogo vidogo, nazi iliyokunwa, pilipili mbichi, majani ya giligilani, chumvi na maji ya limau. Mwisho, mbegu za haradali hukaangwa katika mafuta mpaka zipasuke, zikamiminwa juu. Moto wote ni wa dakika mbili.

Sokoni sikupata choroko siku ile. Nikajiambia kuwa jamii ya kunde ni ukoo mmoja, nikaloweka maharage mekundu ya Mama. Siku ya tatu yalikuwa yamemea vizuri. Nilikuwa nikikata tango Mama alipoingia jikoni, akalitazama bakuli.

“Haya utayapika saa ngapi?”

“Hayapikwi, Mama. Huliwa hivi hivi.”

“Mwanangu, huko ulikosoma hapakuwa na maharage? Maharage mabichi hutapisha.”

Nilitaka kubishana, lakini nilipotafuta katika vitabu nilinyamaza. Maharage mekundu mabichi yana sumu. Punje nne au tano zaweza kumtapisha na kumharisha mtu. Kumea si dawa ya kutegemewa. Dawa yake ni kuchemshwa kwa moto mkali. Choroko huvumilia kuliwa mbichi, maharage hayavumilii. Kwa nia njema kabisa, nilikuwa karibu kumlisha sumu mama yangu mzazi. Jioni ile maharage yalichemshwa, na aliyetumwa kuni ni mimi.

Juma lililofuata choroko zilipatikana. Nazi haikuwapo, nikatia karanga zilizotwangwa. Mama alikula, akaongeza, kisha akaniongoza mpaka pembe ya jikoni, akafunua ungo uliofunikwa majani ya mgomba. Ndani yake ulezi ulikuwa umemea, ukingoja kuanikwa na kusagwa kwa ajili ya togwa.

“Na hiki je, wakijua?”

Nilikijua. Miaka mingi nimewafundisha wanafunzi wangu kuwa neno kimea limetokana na kumea, nisikumbuke ungo ule. Nilikuja kumfundisha kuotesha mbegu mwanamke aliyekuwa akiziotesha kabla sijazaliwa.

Elimu iliyosafiri ni njema, lakini ikirudi nyumbani haina budi kubisha hodi.