Ardhi Unayoikanyaga, Waijua?

Jumapili hii nina swali moja tu, nawe nakuomba usilijibu kwa pupa. Ardhi unayoikanyaga kila uchao, waijua?

Nauliza kwa sababu nimezaliwa Kilifi, nimeolewa Kilifi na wanangu wanasoma papa hapa Kilifi. Kila nisafiripo bara nikataja kwetu, husikia jibu lile lile: "Aa, kule kwa ufuo na madafu!" Mgeni simlaumu, kwani huona kile alichoonyeshwa. Linaloniuma ni kuwa watoto wetu nao wameanza kuona vivyo hivyo. Binti yangu aliye kidato cha pili alinitajia mito ya Ulaya moja kwa moja bila kumeza mate. Nilipomuuliza mto Sabaki unaingilia wapi baharini, alitazama chini. Na Sabaki unamwaga maji kaskazini tu mwa Malindi, hata wakati wa masika bahari ya pale hugeuka rangi ya udongo!

Basi hebu tutembee pamoja kidogo. Kaunti ya Kilifi, iliyounganisha wilaya za zamani za Kilifi na Malindi, inapakana na Mombasa na Kwale upande wa kusini, Taita Taveta magharibi, na Tana River kaskazini. Hesabu ya watu ya mwaka wa 2019 ilitukuta tukiwa 1,453,787. Ukianza safari mapwani asubuhi, utakanyaga mchanga na mawe ya matumbawe. Kisha utapita kwenye minazi, mikorosho na miembe. Utapanda vilima vya Rabai na Kaloleni, ambako mgema hawi mbali na mnazi wake. Ukiendelea mbele utateremka hadi Bamba na Ganze, kwenye nyika kavu, ambako mvua ikikosa msimu mmoja tu, sufuria hufunikwa.

Mimi ni mtoto wa ncha zote mbili za safari hiyo. Baba yangu alikuwa mvuvi wa Takaungu, na mama alizaliwa Bamba. Hawe, ndivyo Wagiriama wamwitavyo nyanya, alikuwa akija kwetu na kunde na mahindi, akirudi na ng'onda. Kabla ya daraja la Kilifi kufunguliwa mwaka wa 1991, aliyekuwa akienda Malindi alilazimika kuvuka hori kwa feri. Hawe alikuwa akisema pwani na nyika ni mume na mke: hugombana, lakini hawalali njaa wakiwa pamoja.

Sasa tuingie katika historia, maana hapa ndipo wengi hudhani mambo yalianza siku hoteli ya kwanza ilipojengwa. La hasha! Mwaka wa 1415, mtawala wa Malindi alimpelekea mfalme wa Uchina zawadi ya twiga. Fikiria, msomaji, mnyama yule akivushwa bahari yote ile! Vasco da Gama alipotia nanga Malindi mwezi wa Aprili 1498, alipokewa na mji uliokuwa ukifanya biashara na ulimwengu tangu kale, na hapo ndipo alipopewa rubani wa kumfikisha Bara Hindi. Wareno walihamia Mombasa mwaka wa 1593 na kujenga Fort Jesus. Na kule Gede, ndani ya msitu, umesimama mji wa mawe wenye msikiti mkuu, jumba la mtawala na visima. Vyombo vya kauri kutoka Uchina vilichimbuliwa mle. Walioujenga walikuwa watu wa pwani hii hii.

Juu ya vilima nako kuna miji, ila imejengwa kwa miti na ukimya. Nazungumzia kaya. Kati ya makabila tisa ya Mijikenda, saba yana makao yao hapa kwetu: Wagiriama, Wachonyi, Wakauma, Wajibana, Wakambe, Waribe na Warabai. Wazee husimulia kwamba walitoka Singwaya, kaskazini, wakajenga kaya zao ndani ya misitu ili wajihami. Mwaka wa 2008 Unesco iliziingiza kaya hizo katika orodha ya urithi wa dunia. Swali langu ni hili: je, dunia itatunza urithi ambao mwenyewe hautaki?

Katika kaya hizo ndimo aliposimama Mekatilili wa Menza mwaka wa 1913. Wazungu walitaka kodi, na walitaka vijana wa Kigiriama wakafanye kazi katika mashamba yao. Mwanamke yule, akiwa na Wanje wa Mwadorikola, aliwakusanya watu wakala kiapo cha kukataa. Walikamatwa wakapelekwa mbali, magharibi mwa Kenya. Waliponyoka, wakarudi kwa miguu. Mwaka wa 1914 serikali ya kikoloni iliilipua Kaya Fungo kwa baruti. Mama mwenzangu unayedhani sauti yako haifiki popote, mkumbuke huyo.

Kuna ukurasa mwingine ambao wengi wetu huufunika. Katika karne ya 19 mashamba ya Malindi na Takaungu yalilimwa na watumwa. Waliofaulu kutoroka walijenga vijiji vyao huko ndani, na kimoja kilichovuma ni Fuladoyo. Wengine walipata hifadhi Rabai, ambako wamishonari Krapf na Rebmann walikuwa wameanzisha misheni mwaka wa 1846. Vizazi vya watu hao wamo miongoni mwetu, tunaoana nao na kuzikana nao. Watoto waambiwe habari hizi bila kejeli. Aibu ni ya aliyefunga mnyororo, si ya aliyefungwa.

Ukiwaongeza Waswahili, Waarabu, Wabajuni, Wasanye ambao wenyewe hujiita Waata, Wahindi wenye maduka, Wakamba na Wajaluo waliofuata kazi, na Waitaliano wa Malindi, utaona kwamba chungu chetu kina viungo vingi. Hao Waitaliano hawakuleta mahoteli peke yake. Mnamo Desemba 12, 1970, siku ya kusherehekea uhuru wetu, setilaiti iliyopewa jina la Uhuru ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Ngomeni. Wavuvi wa Kilifi waliona roketi ikipaa ilhali mataifa makubwa kadha hayajawahi kurusha hata moja!

Huenda unajiuliza, mama huyu anatupeleka wapi na tarehe zote hizi? Nakupeleka shambani kwa babu yangu.

Babu mzaa baba alipanda minazi arobaini nyuma kidogo ya Takaungu, akazikwa chini yake. Mwaka wa 1994 alikuja bwana mmoja aliyevaa vizuri, akakunjua karatasi, akatuambia kwa upole: "Minazi ni yenu. Ardhi ni yangu." Msomaji wa bara atadhani hilo ni fumbo. Wa pwani analijua. Mwaka wa 1895 Waingereza walianza kuutawala ukanda wa maili kumi wa pwani, uliokuwa wa Sultani wa Zanzibar, kwa mapatano ya kumlipa kodi kila mwaka. Mwaka wa 1908 ikaja sheria ya kutaka kila anayedai ardhi apeleke madai yake yaandikwe. Aliyejua karatasi na njia za ofisini aliandikisha. Aliyejua jembe aliendelea kulima, na ardhi yake ikawa ya mwingine au ya serikali. Ndiyo sababu hadi leo kuna familia zinazoitwa maskwota palipo na makaburi ya babu zao.

Sisi tulikaa vikao kwa miaka minane. Kilichotusaidia ni kwamba shangazi, mama ambaye hakuingia darasani hata siku moja, aliweza kutaja kila mnazi na aliyeupanda, kila kaburi na aliyelala humo, na mipaka ya majirani wote wanne pamoja na wazazi wao. Wazee wa jirani, Waswahili kwa Wagiriama, wakasimama kuthibitisha. Hatimaye tuliachiwa ekari mbili kati ya sita. Ndogo, lakini makaburi yamo ndani. Majirani wawili waliokuwa na dai kama letu hawakuwa na mtu wa kukumbuka. Leo pana ukuta, na wao wamepanga chumba mjini.

Na si ardhi tu inayotutoka. Vigango, vile vinyago vya mbao ambavyo Wagiriama husimamisha kwa heshima ya wazee wao, viling'olewa usiku na kuuzwa kwa watalii, vikaishia katika majumba ya makumbusho ya Marekani. Mwaka wa 2007 viwili vilirudishwa, kwa kuwa kulikuwa na picha, na kulikuwa na watu wa kusema: hiki ni chetu, kilisimama hapa.

Kwa hiyo, mzazi mwenzangu, likizo ijayo usiwaache watoto na televisheni kutwa. Wapeleke Gede na magofu ya Mnarani. Wapeleke makumbusho ya Rabai. Wakitaka kuona kaya, kwanza wakaombe ruhusa kwa wazee, wajifunze kwamba kuna mahali mtu haingii kiholela. Kisha uwaketishe na nyanya yao, wakiwa na daftari, waandike nani alipanda nini na nani amezikwa wapi. Na kama shamba lenu halina cheti, fuateni ofisi ya ardhi sasa, wakati mashahidi wangali hai.

Shangazi tulimzika mwaka wa 2009. Daftari lake analo binti yangu, na Sabaki sasa anajua unakomwagia maji.